Haihitajiki: neno lililotuacha bila bima ya mafuriko Houston

Nianze na neno lenyewe, maana ndilo lililotuumiza. Mwaka 2014 tulipokuwa tunanunua nyumba upande wa magharibi wa Houston, jimbo la Texas, nilimuuliza wakala wa bima kama bima ya mafuriko ni ya lazima kwetu. Akafungua ramani kwenye kompyuta, akatazama, akajibu: haihitajiki, mko eneo X, nje ya lile la hatari kubwa. Mimi nikasikia kwamba maji hayafiki pale. Yeye alimaanisha kwamba benki iliyotukopesha haitulazimishi kuinunua. Tofauti ya maneno hayo mawili niliielewa alfajiri ya Jumapili, tarehe 27 Agosti 2017, nikiwa nimesimama sebuleni kwangu na maji ya kimbunga Harvey yamenifika magotini.

Kwa hiyo nasema mapema, na nitarudia: bima ya nyumba hapa Marekani hailipi mafuriko. Bima ya mpangaji hailipi mafuriko. Hata kama umelipa kila mwezi bila kukosa, hata kama mkataba una kurasa sitini na kwenye jalada kuna picha ya nyumba nzuri.

Wanachotazama watu wa bima ni maji yametoka wapi. Bomba likipasuka ndani, au upepo ukang'oa paa na mvua ikaingia kwa juu, bima ya kawaida mara nyingi hushughulikia. Lakini maji yakipanda kutoka mtoni, baharini, mtaroni au barabarani, yakapita chini ya mlango wako, hayo ni mafuriko, na yana bima yake inayonunuliwa peke yake. Nyingi ziko chini ya mpango wa serikali kuu uitwao NFIP, ulioanzishwa mwaka 1968, ingawa anayekuuzia ni wakala yuleyule wa mtaani.

Mtego wa pili uko ndani ya huo wa kwanza. Alhamisi tarehe 24 Agosti, Harvey ilipotangazwa kuwa kimbunga kamili, rafiki yangu alimpigia simu wakala ili anunue, akiwa na kadi ya benki mkononi. Akajibiwa kwamba bima hiyo huanza kufanya kazi siku 30 baada ya kununua. Siku thelathini! Kimbunga kilipiga nchi kavu usiku wa kesho yake. Ukishaliona wingu la kimbunga kwenye televisheni umechelewa. Msimu wa vimbunga huanza tarehe 1 Juni na kuisha tarehe 30 Novemba, basi nunua kabla mwezi wa nne haujaisha. Nafuu ipo kwa anayesaini mkopo wa nyumba: akiichukua bima pamoja na mkopo, hasubiri. Ile siku ya kusaini ndiyo ilikuwa nafasi yetu, na tuliiacha ipite kwa sababu ya neno moja.

Sisi tuliokulia Dar tuna picha yetu ya mafuriko. Ni ya mabondeni. Ni Jangwani, ni wale waliojenga kando ya mto Msimbazi, wanaoambiwa wahame kila mwaka. Mtu aliyenunua nyumba ya matofali kwenye mtaa wenye lami na nyasi zilizokatwa hajioni kuwa mkazi wa mabondeni. Lakini Houston nzima ni tambarare kama meza. Ilijengwa juu ya mbuga na mashamba ya mpunga, ikamwagiwa zege, na maji yake yanategemea vijito vinavyokwenda polepole kuelekea Ghuba ya Meksiko. Mvua ikizidi, barabara zinageuka mito, na nyingine zimechimbwa makusudi ziyapokee maji hayo.

Halafu kuna hesabu inayowapoteza watu. Wanazungumzia mafuriko ya miaka mia, wewe ukadhani ni mara moja kwa karne. Maana yake ni uwezekano wa asilimia 1 kila mwaka, na kwa mkopo wa miaka 30 unafika kama asilimia 26. Mtaa wa Meyerland hapa Houston ulipata maji mwaka 2015, ukapata tena 2016, ukapata tena 2017. Wakati wa Harvey, katika Kaunti ya Harris, ambamo Houston imo, peke yake nyumba zaidi ya 150,000 ziliingiwa na maji, na nyingi kati yake zilikuwa nje ya eneo la hatari lililochorwa kwenye ramani. Yaani zilikuwa za watu kama sisi, walioambiwa haihitajiki.

Msidanganyike pia na namba ya kimbunga. Kategoria 1 hadi 5 hupima kasi ya upepo tu, haisemi lolote kuhusu mvua. Harvey ilipiga mji wa pwani wa Rockport ikiwa kategoria 4, mwendo wa saa tatu kwa gari kutoka kwetu. Ilipotufikia upepo ulikuwa umepungua, tukapumua. Kumbe imesimama, haiendi mbele wala hairudi nyuma, inamimina tu. Kule Nederland, mashariki mwa Houston, walipima inchi 60.58 kwa siku chache. Hiyo ni zaidi ya mita moja na nusu ya mvua.

Kwetu maji hayakuingia kwa mlango. Yalianza kwenye tundu la bafu, yakapanda meusi, yana harufu ya mtaro. Mke wangu akaweka taulo. Baada ya dakika kumi zulia la chumba cha watoto likawa linatoa sauti ukilikanyaga, kisha likanyanyuka lenyewe kutoka sakafuni. Kulipokucha friji lilikuwa limeanguka chali, linaelea jikoni, mlango wazi. Vyeti vya kuzaliwa vya watoto vilikuwa kwenye droo ya chini kabisa. Tulivikuta vimegandana na hati za ndoa, wino wa mhuri wa RITA umehamia ukurasa wa pili.

Mama mdogo wangu alipiga simu wiki hiyohiyo. Akasema tumshukuru Mungu tuko Marekani, serikali ya huko itatujengea nyingine, nzuri kuliko ya kwanza. Mama mdogo, shikamoo, na najua ulisema kwa upendo. Lakini serikali haijengi. Wakati wa Harvey kiwango cha juu kabisa cha msaada wa FEMA, shirika la maafa la serikali kuu, kwa kaya kilikuwa dola 33,300, na wengi waliambulia sehemu ndogo tu ya hizo. Mkopo wa benki unaendelea kudaiwa hata kama nyumba haina kuta. Na ninyi mlionitumia ujumbe wa mchango wa harusi siku tunatoa makochi nje, sikukasirika, ila naomba mwaka wa namna hiyo mtuvumilie. Picha ya nyumba kwenye WhatsApp haiwaonyeshi deni lililo chini yake.

Nchi hii nimeisema sana kwa ubaridi wake. Miaka mitatu jirani wa kulia hakuwahi kunisalimia zaidi ya kuinua mkono. Asubuhi ile alikuja na mtumbwi wa kuvulia samaki, akawabeba watoto wangu na begi la dawa za mama mkwe, akarudi kuchukua wazee wengine. Watu walivuka kutoka jimbo jirani la Louisiana na boti zao, hawajaitwa na mtu. Nimejifunza kwamba Wamarekani hawana mazoea ya kubisha hodi, lakini likitokea janga wanakuja. Kinachonishinda ni wakati wa amani: hakuna anayekuketisha chini akakwambia ukweli. Kila ofisi inakupa karatasi ya kusaini, na ukishasaini inahesabiwa kwamba umeelewa. Nyuma ya mabwawa ya Addicks na Barker, yaliyojengwa miaka ya 1940 kuilinda katikati ya jiji, watu waliuziwa nyumba mahali ambapo maji ya bwawa yangefika likijaa. Likajaa. Wengine walioko upande wa chini walipokea maji baada ya milango ya mabwawa kufunguliwa Jumatatu tarehe 28, ilhali walikuwa wamevuka Jumapili wakiwa wakavu.

Yaliyobaki ni ya kawaida. Usiendeshe gari kwenye maji. Futi mbili hubeba karibu gari lolote. Usijifungie darini bila shoka la kutobolea paa, kama walivyonaswa wengi New Orleans kwenye kimbunga Katrina mwaka 2005. Zima umeme kabla maji hayajafikia soketi. Gari lenye bima kubwa hulipwa likizama, la bima ndogo halilipwi. Piga picha alama ya maji ukutani, na kile kibandiko cha namba nyuma ya kila kifaa, kabla hujatupa kitu.

Kuhusu FEMA, sajili mapema, kwa kawaida una siku 60. Barua ya kwanza ikisema hustahili, isome hadi chini. Dada mmoja tunayesali naye alisoma mstari wa juu tu, akalia, akaichana. Chini yake walikuwa wanaomba barua ya kampuni ya bima inayosema haitalipa, basi. Kukata rufaa kuna siku zake 60 tangu tarehe ya barua, naye alipoambiwa zilikuwa zimekwisha. Kwetu ungepata barua ya mjumbe ikathibitisha unaishi wapi. Hapa mjumbe wako ni bili ya umeme na mkataba wa pango wenye jina lako. Ninyi mnaokaa watu watano kwenye nyumba iliyoandikwa jina la binamu, hakikisheni kila mmoja ana bili au barua yoyote inayofika pale kwa jina lake.

Na hapa naomba msome polepole. Fomu ya msaada wa fedha ina mahali unapotia sahihi kwamba wewe ni raia, au una grini kadi, au ni mkimbizi aliyekubaliwa, au uko kundi jingine linalotambuliwa. Mwenye viza ya masomo au ya kazi hayumo. Usitie sahihi kwamba ni raia kama si raia, hata kama aliyeko mezani anakuharakisha. Kosa hilo linaweza kukufukuzisha nchini. Mzazi asiye na sifa anaweza kuomba kwa jina la mtoto wake aliyezaliwa hapa, lakini aongee kwanza na mwanasheria wa uhamiaji. Makazi ya dharura, chakula na maji hutolewa bila kuuliza karatasi, msiyaogope.

Narudi kwenye bima, kwa sababu wapo waliojifunza nusu. Bima ya NFIP ina sehemu mbili, jengo na vitu vya ndani, na kila moja hununuliwa kivyake. Jengo la kuishi hufika hadi dola 250,000, vitu hadi dola 100,000. Jamaa mmoja aliyekuwa na bima, tukamwona mwenye bahati, aligundua amenunua ya jengo tu. Kuta zililipwa, vitanda, nguo na cherehani ya mkewe iliyokuwa inalisha nyumba havikulipwa. Mpangaji anaweza kuchukua ya vitu peke yake. Na haigharamii hoteli utakakolala, hilo ujue. Tangu Oktoba 2021 bei inapangwa kwa hatari ya nyumba yenyewe, kwa hiyo bei ya jirani isikukatishe tamaa wala isikudanganye. Omba hesabu ya nyumba yako.

Siku ya kumpigia wakala, usimuulize kama bima ya mafuriko inahitajika. Mwambie: nataka kuinunua, jengo na vitu, nipe bei na tarehe inayoanza kufanya kazi. Akikwambia haihitajiki, mwambie unajua, na uendelee kusubiri bei. Karatasi ikifika, tafuta tarehe ya kuanza kabla ya kutazama kitu kingine chochote. Yetu siku hizi iko kwenye mfuko wa nailoni usiopitisha maji, rafu ya juu, pamoja na vyeti vipya vya watoto.