Somo: Namna ya kupima kesi ya uhaini na madaraka ya vita katika sheria za Marekani, hatua kwa hatua

Somo hili ni la anayesoma historia ya sheria ya Marekani na anataka kujua kwa nini watu wengi wameitwa wahaini lakini wachache sana wametiwa hatiani. Uhaini ndilo kosa pekee la jinai ambalo Katiba ya Marekani inalifafanua yenyewe, na inalifafanua kwa ubahili. Ukipata kesi yoyote, ya 1794 au ya juzi, ipitishe kwenye hatua hizi kwa mpangilio wake. Usianze na hasira ya umma au na maneno ya Rais, hayo hayaingii kwenye kipimo.

Hatua ya 1: Soma Ibara ya 3, kifungu cha 3, neno kwa neno

Uhaini ni mambo mawili tu: kuipiga vita Marekani, au kuambatana na maadui wake kwa kuwapa msaada na nguvu. Hakuna la tatu, na neno "tu" limo ndani ya Katiba yenyewe. Sheria ya Uingereza ya 1351 ilikuwa nalo: kuwazia kifo cha mfalme. Majaji wa huko walilivuta mpaka maandishi na maneno ya mtu yakatosha kumnyonga. Waandishi wa Katiba ya 1787 walikuwa wenyewe wametoka kumwasi mfalme, kwa hiyo walijua wanafunga mlango upi.

Kifungu hichohicho kinaipa Kongresi, yaani Bunge la Marekani, kazi ya kupanga adhabu, ila kinakataza adhabu kuwaangukia watoto: mali ya mhaini haiwezi kutwaliwa kupita uhai wake. Sheria ya leo inasema kifo, au kifungo kisichopungua miaka 5 pamoja na faini isiyopungua dola 10,000, na mfungwa hashiki tena wadhifa wowote wa serikali ya Marekani. Viwango hivyo vya miaka na fedha vimerithiwa kutoka sheria ya Julai 1862.

Hatua ya 2: Je, mtuhumiwa anadaiwa utii?

Raia anadaiwa utii popote alipo. Mgeni anadaiwa anapokuwa anaishi chini ya ulinzi wa Marekani. Askari wa nchi adui aliyetua ufukweni usiku hadaiwi. Huyo anashughulikiwa kwa sheria za vita.

Kesi ya kujifunzia hapa ni ya Tomoya Kawakita, mzaliwa wa Marekani mwenye uraia wa Japani pia, aliyewatesa mateka wa Kimarekani kwenye kambi ya machimbo ya Oeyama. Alijitetea kwamba alikwisha kuwa Mjapani. Mahakama ya Juu ilimkatalia mwaka 1952: uraia wa pili haufuti utii wa kwanza. Alihukumiwa kifo, Eisenhower akaibadilisha kuwa kifungo cha maisha, na 1963 Kennedy akamwachia kwa sharti la kuondoka nchini.

Hatua ya 3: Chagua tawi, na usiyachanganye

*Tawi la kupiga vita.* Mwaka 1807, katika kesi ya Bollman na Swartwout, Jaji Mkuu John Marshall aliweka mpaka ambao bado unasimama: kupanga vita si kupiga vita. Lazima watu wawe wamekusanyika kweli kwa lengo hilo. Miezi michache baadaye akautumia mpaka huo kwa Aaron Burr, aliyekuwa Makamu wa Rais. Hati ya mashtaka ilisema Burr alipiga vita kwenye kisiwa cha Blennerhassett, Mto Ohio, tarehe 10 Desemba 1806. Watu walikuwapo kisiwani, lakini Burr mwenyewe siku ile alikuwa Kentucky. Marshall akasema: kama mnamshtaki kwa kuwatuma, andikeni kwamba aliwatuma, na huko kutuma kwenyewe mkuthibitishe kwa mashahidi 2. Waendesha mashtaka hawakuwa nao. Tarehe 1 Septemba 1807 juri, jopo la raia linaloamua hatia, ikamwona hana hatia.

Swali gumu la tawi hili ni kama kupinga sheria moja kwa nguvu ni vita dhidi ya nchi nzima. Mwanzoni majaji walisema ndiyo. Baada ya uasi wa kodi ya wiski magharibi mwa Pennsylvania, 1794, uliomfanya Rais Washington akusanye wanamgambo karibu 13,000, watu wawili walitiwa hatiani kwa uhaini, akawasamehe wote. John Fries alitiwa hatiani mara mbili na kuhukumiwa kifo kwa kuwatoa wafungwa mikononi mwa ofisa wa serikali, na Rais John Adams akamsamehe mwaka 1800.

Kisha ikaja Christiana. Septemba 1851, katika kijiji hicho cha Pennsylvania, Waafrika-Wamarekani walijihami kwa silaha dhidi ya mwenye watumwa kutoka Maryland aliyekuja kuwakamata waliomtoroka. Mwenye watumwa akauawa. Serikali ikawashtaki watu 38 kwa uhaini, hesabu kubwa kupita kiasi, ili tu kuwaridhisha wenye watumwa wa Kusini. Wa kwanza kupandishwa kizimbani alikuwa Castner Hanway, mwenye kinu, ambaye kosa lake hasa lilikuwa kukataa kuwasaidia wakamataji. Jaji Grier, asiyewapenda kabisa wapinga utumwa, aliiambia juri kwamba watu kujikinga wao na familia zao wasikamatwe si vita dhidi ya taifa. Juri ilimaliza kwa dakika kama 15. Tangu hapo tafsiri pana ya "kupiga vita" haikupata nguvu tena.

*Tawi la maadui.* Adui ni taifa la kigeni lililo vitani waziwazi na Marekani. Kwa sababu hiyo Julius na Ethel Rosenberg, waliouawa 1953 kwa siri za bomu la atomiki, hawakushtakiwa uhaini bali njama ya ujasusi: Umoja wa Kisovieti ulikuwa mshirika wakati siri zinatoka.

Hatua ya 4: Kitendo cha dhahiri, mashahidi 2

Hapa ndipo kesi nyingi hufia. Katiba inataka mashahidi 2 wa kitendo kilekile kimoja, au mtuhumiwa akiri mbele ya mahakama ya wazi. Kukiri polisi hakutoshi. Shahidi mmoja wa Jumatatu na mwingine wa Alhamisi hawatoshi, ingawa Uingereza wangetosha.

Itazame kesi ya Anthony Cramer kwa karibu. Juni 1942 manowari za Kijerumani zilishusha wahujumu 8, wanne Long Island na wanne Florida. Mmoja wao, Werner Thiel, alikuwa rafiki wa zamani wa Cramer, Mjerumani aliyepewa uraia wa Marekani. Wakakutana baani New York, pamoja na mhujumu mwingine, Kerling. Maofisa wa FBI wamekaa wanawatazama: wanaona vinywaji, wanaona mazungumzo marefu, hawasikii neno. Kumbe Cramer alikuwa pia amepokea fedha za Thiel amtunzie. Lakini hilo lilijulikana kwa njia nyingine, si kwa macho ya mashahidi 2, na halikuwamo kati ya vitendo vilivyopelekwa kwenye juri. Mwaka 1945 Mahakama ya Juu ilimfutia hatia kwa kura 5 kwa 4. Jaji Robert Jackson aliandika kwamba kinachothibitishwa na mashahidi 2 lazima chenyewe kionyeshe msaada uliomfikia adui. Hapa hapakuwa hata na ushahidi kwamba Cramer ndiye aliyelipia vinywaji.

Sasa weka pembeni yake Hans Max Haupt wa Chicago, baba wa mhujumu mwingine wa kundi lilelile. Alimpa mwanawe malazi, akamsaidia kupata gari na kurudi kazini kwenye kiwanda cha lenzi za kulengea mabomu. Vitendo hivyo vilionekana. Mwaka 1947 hatia yake ikathibitishwa, kifungo cha maisha. Katika kesi hizi mbili nia haikuleta tofauti kubwa. Tofauti ni kwamba msaada wa Haupt ulikuwa na mashahidi.

Hatua ya 5: Uhaini ukianguka, tafuta kosa la jirani

Waendesha mashtaka wenye akili huanzia hapa. Njama ya kuipinga serikali kwa nguvu, sheria iliyozaliwa Julai 1861, ina kifungo cha hadi miaka 20 na haihitaji mashahidi 2. Uasi: hadi miaka 10, na kunyimwa wadhifa. Kujua uhaini na kuuficha: hadi miaka 7.

Hatua ya 6: Angalia kama serikali imetumia njia ya mahakama, njia ya vita, au zote mbili

Hii ndiyo hatua inayosahaulika, na bila hiyo Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe, majimbo ya Kusini yalipojitenga na Marekani, havieleweki.

Aprili 1861 Rais Lincoln aliita wanamgambo 75,000 na kutangaza kufungwa kwa bandari za Kusini. Kufunga bandari ni tendo la vita kati ya mataifa, naye alikuwa anasema Kusini si taifa, ni waasi tu. Wenye meli zilizotekwa wakaenda mahakamani. Machi 1863, kwa kura 5 kwa 4, Jaji Grier yuleyule wa Christiana alijibu kwamba vita ni hali halisi. Ikizuka, Rais anaikabili ilivyo bila kusubiri Kongresi iipe jina. Matokeo yake: mtu wa Kusini aliweza kuwa mhaini kwa sheria ya ndani na adui kwa sheria ya vita kwa wakati mmoja, na serikali ikachagua kofia ya kumvalisha.

Uchaguzi huo una gharama. Mwaka 1861 mabaharia wa Savannah, meli binafsi yenye kibali cha kuteka meli za Kaskazini kutoka kwa Jefferson Davis, rais wa Kusini, walishtakiwa New York kwa uharamia. Kusini ikachagua kwa bahati nasibu maofisa mateka wa Kaskazini wa kunyongwa kulipiza. Juri ikashindwa kuafikiana, na serikali ikaishia kuwahesabu mabaharia hao kuwa mateka wa vita.

Njia ya vita nayo ina ukomo. Lambdin Milligan, raia wa Indiana, alihukumiwa kunyongwa na mahakama ya kijeshi. Mwaka 1866 Mahakama ya Juu ilisema raia hawezi kupelekwa huko pale ambapo mahakama za kawaida ziko wazi na zinafanya kazi.

Hatua ya 7: Nani alitoa ruhusa?

Kongresi hutangaza vita, huunda jeshi na kutoa fedha zake, zisizozidi miaka 2 kwa mkupuo. Rais ni amiri jeshi mkuu. Kwa kupima mgongano tumia ngazi 3 za Jaji Jackson, yuleyule wa Cramer, katika kesi ya 1952 kuhusu viwanda vya chuma alivyovitwaa Rais Truman: Rais ana nguvu zaidi akiwa na idhini ya Kongresi, yuko kwenye ukungu Kongresi ikinyamaza, ana nguvu kidogo kabisa akienda kinyume nayo. Truman aliangukia ngazi ya tatu, akashindwa 6 kwa 3, ingawa vita vya Korea vilikuwa vikiendelea.

MASWALI YA WANACHAMA

Mkuu, asante kwa somo. Kama Kusini walipiga vita miaka minne, mbona Jefferson Davis hakuhukumiwa?

Kwa sababu ya mahali. Katiba inataka kesi isikilizwe kwenye jimbo kosa lilikotendeka, yaani Virginia, na juri yote 12 wakubaliane. Mtu mmoja tu akigoma, ingesemwa kwamba kujitenga kulikuwa halali. Jaji Mkuu Chase pia hakutaka kuketi Richmond wakati jimbo liko chini ya jeshi. Davis alikaa Fort Monroe miaka 2, akatoka kwa dhamana ya dola 100,000 Mei 1867. Msamaha wa jumla wa Rais Andrew Johnson wa Krismasi 1868 ukamaliza mambo. Kwa Robert E. Lee, jemadari wa Kusini, kulikuwa na kikwazo kingine: Jenerali Grant alishikilia kwamba masharti ya kusalimu amri Appomattox yanamlinda.

Naomba kueleweshwa: Lincoln alisimamisha habeas corpus mwenyewe. Alikuwa na haki?

Hati hiyo humlazimu anayemshikilia mtu amlete mbele ya jaji. Katiba inaruhusu isimamishwe wakati wa uasi au uvamizi, lakini haitaji nani aisimamishe. Maneno yamo Ibara ya 1, ya Kongresi, na Jaji Mkuu Taney aliitumia hoja hiyo Mei 1861 katika kesi ya Merryman, raia wa Maryland aliyeshikiliwa na jeshi. Lincoln hakumtii. Machi 1863 Kongresi ikampa ruhusa kwa sheria. Kwa maoni yetu Taney alikuwa sahihi juu ya maandishi, na Lincoln naye alikuwa na jambo: Kongresi haikuwa kikaoni na reli ya kuingia Washington ilikuwa inahujumiwa Maryland.

Waliolipua balozi za Nairobi na Dar es Salaam, 1998, kwa nini hawakushtakiwa uhaini?

Wapitishe kwenye hatua ya 2. Karibu wote walikuwa wageni waliotenda nje ya Marekani, hawadaiwi utii. Mashtaka yakawa njama na mauaji. Wadih el-Hage alikuwa raia wa Marekani aliyewahi kuishi Nairobi, huyo anaivuka hatua ya 2, lakini njama na kusema uongo kwa kiapo ni rahisi zaidi kuthibitisha. Alitiwa hatiani New York mwaka 2001. Ahmed Ghailani wa Zanzibar ni mfano wa hatua ya 6: alishikiliwa Guantánamo kwa njia ya vita, akahamishiwa mahakama ya kiraia, akakutwa na hatia ya shtaka 1 kati ya zaidi ya 280, na bado akapata kifungo cha maisha.

Sheria ya madaraka ya vita ya 1973 inampa Rais siku 60 tu za kupigana bila idhini ya Kongresi. Mbona zinapita na hakuna kinachotokea?

Inataka Rais atoe taarifa ndani ya saa 48, kisha siku 60, na 30 zaidi za kuondoa majeshi. Marais hupita kwenye maneno. Libya, 2011, serikali ya Obama ilidai mashambulizi ya anga yale hayakuwa "uhasama" kwa maana ya sheria hiyo. Na wabunge wakienda mahakamani, majaji kwa kawaida huwaambia si kazi yao kuamua. Kongresi inabaki na kifunguo cha fedha, na ndicho isichopenda kukitumia wakati wanajeshi wako uwanjani.

Tukio la 6 Januari 2021, wafuasi wa Trump walipovamia jengo la Kongresi, linaangukia wapi?

Hatua ya 5. Viongozi kadhaa, akiwemo Stewart Rhodes wa kundi la Oath Keepers aliyepewa miaka 18, walitiwa hatiani kwa njama ya kuipinga serikali kwa nguvu. Januari 2025 Trump akampunguzia kifungo akatoka. Hakuna aliyeshtakiwa uhaini. Kuhusu kumzuia mgombea kwa Marekebisho ya 14 ya Katiba, kifungu cha 3, kinachowanyima wadhifa walioasi baada ya kuapa kuilinda Katiba, Mahakama ya Juu iliamua tarehe 4 Machi 2024 kwamba jimbo haliwezi kumwondoa mgombea wa wadhifa wa kitaifa. Utekelezaji ni wa Kongresi.