Kuingia kwenye uandishi wa tamthilia za televisheni Uingereza

Anza na skripti moja ya kwako, iliyokamilika. Wazo peke yake halikufikishi popote: sheria ya hakimiliki ya Uingereza ya 1988 inalinda maandishi, si wazo, na hakuna prodyuza anayeweza kupima uandishi wako kwa muhtasari. Usiandike sehemu ya tamthilia ambayo tayari iko hewani. Wanaosoma wanatafuta sauti yako, si namna unavyoiga ya mwenzako.

Mpangilio hauna mjadala. Tumia herufi za Courier saizi 12, na kila onyesho lifunguliwe kwa mstari unaosema ni ndani au nje, wapi, mchana au usiku. Ukurasa mmoja hukadiriwa kuwa dakika moja, hivyo tamthilia ya saa moja BBC ni kama kurasa 60. Ya ITV haifiki 50, kwa sababu ya matangazo.

Maelezo yabebe kinachoonekana na kinachosikika tu. “Ruth ana huzuni tangu mumewe aondoke” haipigiki picha. “Ruth anaweka sahani mbili mezani, anaitazama ya pili, anairudisha kabatini” inapigika, na mwigizaji anapata cha kufanya.

Kurasa 10 za kwanza zina uzito kupita zote. BBC Writers, kitengo kinachopokea skripti za wasio na wakala kwa vipindi maalumu, huanza mchujo kwa hizo 10. Wengi wanazipoteza kwa utambulisho: mtu anaamka, anapiga mswaki, anapokea simu. Ingia pale jambo limeshaharibika. Nafasi hiyo ya kupeleka skripti BBC Writers imewekwa kwa wakazi wa huko. Aliye Dar au Nairobi atafaidika zaidi na maktaba yao ya skripti, iliyo wazi bure mtandaoni.

Wakala mtafute baada ya skripti, si kabla. Kwa kawaida hukata asilimia 10 hadi 15 ya malipo yako. Anayekudai ada ya kukusoma, mkimbie.

Kazi ya kwanza ya kulipwa mara nyingi hutoka kwenye tamthilia zisizokwisha kama EastEnders au Casualty. (Doctors, iliyokuwa ngazi ya wengi, ilifungwa 2024, na pengo lake linaonekana.) Huko unapewa hadithi, unaandika mpangilio wa onyesho kwa onyesho, kisha rasimu juu ya rasimu, huku mhariri wa skripti akikuletea maoni ya kila mtu. Usibishane naye papo hapo. Tiba anayopendekeza inaweza isifae, lakini pale alipochoka kusoma huwa pana kasoro kweli.

Kwenye mkataba, malipo hugawanywa: unaposaini, unapowasilisha, rasimu inapokubaliwa. Prodyuza akitaka kushikilia haki za skripti yako, mara nyingi kwa miezi 12 au 18, hakikisha imeandikwa atalipa nini akiongeza muda na zitakurudia lini. Angalia pia idadi ya rasimu. Pasipo na idadi, utajikuta unaandika ya tano bure. Chama cha waandishi, WGGB, kina makubaliano ya viwango vya chini na BBC, ITV na Pact (chama cha maprodyuza huru), na huwakagulia wanachama mikataba. Kazi ikisharushwa, jiandikishe ALCS, wanaokusanya malipo madogomadogo, kama ya kazi kurushwa kwa kebo nchi za nje, na kuyagawa, mgao mkubwa ukitoka Machi.