Kusoma Rekodi ya Mchezaji wa Kriketi wa Kaunti, Enzi za Blythe

Ukitaja kaunti hapa Nairobi, mtu anawaza gavana na ada ya kuegesha gari. Kwenye kriketi ya Uingereza kaunti ni timu: Kent, Yorkshire, Surrey. Mwanzoni mwa karne ya 20, ili uichezee ilibidi uwe umezaliwa humo au umeishi humo miaka 2. Tumtumie Colin Blythe, mrushaji wa mkono wa kushoto aliyeichezea Kent kuanzia 1899 hadi 1914, kama mfano wa kujifunzia.

Anza na tarakimu nne za mrushaji. Dhidi ya Northamptonshire mwaka 1907, zamu ya kwanza (zamu ni kipindi cha timu kupiga), Blythe ameandikiwa 16-7-30-10: ova 16 (ova ni fungu la mipira ya mrushaji mmoja), kati yake 7 hazikutoa mkimbio (pointi) hata mmoja, mikimbio 30, wiketi 10 (wapigaji aliowatoa). Zamu ya pili aliongeza wiketi 7 kwa mikimbio 18. Ukizihesabu mwenyewe kutoka kadi ya matokeo, "b" (mpira umeangusha vijiti), "c" (umedakwa), "lbw" (mguu umeuzuia mpira uliokuwa ukienda kwenye vijiti) na "st" (mdaka nyuma ameangusha vijiti mpigaji akiwa ametoka kwenye mstari wake) zote ni zake. "Run out" (mpigaji katolewa akikimbia) si yake. Hapo ndipo jumla nyingi hukataa kulingana.

Wastani wa mrushaji ni mikimbio aliyotoa kugawanya kwa wiketi. Kwenye mechi za kimataifa Blythe alitoa 1,863 kwa wiketi 100, yaani 18.63, ikiwa ndogo ni nzuri. Wa mpigaji, gawanya mikimbio yake kwa mara alizotolewa, wala si kwa idadi ya zamu. Ndiyo maana Bill Johnston wa Australia, kwenye ziara ya Uingereza ya 1953, alimaliza na wastani wa 102: mikimbio 102, zamu 17, katolewa mara 1 tu. Hakuwa mpigaji hata kidogo.

Ova nazo zina mtego. Kule Uingereza ova ilikuwa mipira 5 kuanzia 1889 hadi 1899, ikawa 6 mwaka 1900. Kwa hiyo ova za msimu wa kwanza wa Blythe usizijumlishe na za 1907. Geuza zote ziwe mipira kwanza. Kasi ya mpigaji kufunga mikimbio usiitafute. Mia (mikimbio 100 katika zamu moja) ya Shahid Afridi wa Pakistan pale Nairobi Gymkhana mwaka 1996 tunajua ilichukua mipira 37, lakini kadi za enzi za Blythe kwa kawaida hazikuandika mipira aliyocheza mpigaji. Ukibahatika utapata dakika.

Sasa pichi, yaani ukanda wa ardhi mpira unapodundia, na hapa usiharakishe. Siku hizi mawingu yakijikusanya, turubai inatandazwa. Enzi zile pichi iliachwa inyeshewe mechi ikiendelea. Ikilowa chapa, mpira huteleza tu na mrushaji hata hawezi kuushika vizuri, mpigaji anapumua. Balaa huja jua likitoka: juu panashika ukoko kama wa sufuria ya ugali, chini bado ni tope. Mpira unang'ata, unakata kona au unaruka kifuani. Mechi ile ya 1907 nayo ilisumbuliwa na mvua, na Northamptonshire walitolewa kwa 60 na 39. Kwa hiyo kabla ya kumlaumu mpigaji kwa kupata mikimbio 4 au 6 tu, angalia mvua ilinyesha lini na nani alipiga pichi ikikauka.

Majina pia yanasema kitu. Kadi nyingi zilimpa mchezaji wa ridhaa (asiyelipwa) herufi za kwanza mbele ya jina lake, huku wa kulipwa akiandikwa jina la ukoo tu, au herufi zikifuata nyuma. Utengano huo ulifutwa 1962.

Pengo la 1915 hadi 1918 kwenye rekodi si jeraha wala kuachwa nje ya timu. Ligi ya kaunti ilisimama kwa sababu ya vita, na Blythe aliuawa karibu na Passchendaele, Ubelgiji, Novemba 1917.

Ukikuta Jack Hobbs, mpigaji wa Surrey, ana mia 197 kwenye orodha moja na 199 kwenye nyingine, zote zina hoja: tofauti ni mechi za ziara ya India na Ceylon ya 1930-31, ambazo wengine hawazihesabu kuwa za daraja la kwanza, yaani mechi za ngazi ya juu zinazoingia kwenye rekodi rasmi. Chagua hesabu moja, uitaje, na wastani wake uutoe humo humo.