Jinsi ya kuigiza mpiga kamera mgeni kazini, wa enzi ya sinema bubu

Mdogo wangu, anza na mkono, kabla ya kofia na koti kuukuu. Kamera za wakati ule zilizungushwa kwa mkono: mizunguko 2 kwa sekunde, kila mzunguko picha 8. Mgeni akiogopa akazungusha polepole, watu kwenye pazia wanakimbia kama kuku waliotupiwa jiwe. Akizungusha kwa pupa, wanaelea. Watazamaji wengi hudhani ni kinyume, kwa hiyo waonyeshe mkono kwanza, kisha matokeo.

Hapa Goma, fundi mbao wa Birere alitutengenezea sanduku la kamera, na mkono wa kuizungushia ni pedali ya baiskeli. Mwigizaji wangu alikuwa anazungusha kama anayesaga mahindi. Nikamwambia aimbe moyoni wimbo wa kwaya yao, afuate pigo lake. Siku ya tatu mkono ukatulia. Ndipo tukauharibu: chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, imejaa viazi na inateremka kwa kishindo, jamaa anashtuka, macho yanaifuata, na mkono unaongeza mbio wenyewe. Kwenye simu, hapo punguza kasi ya video. Ile chukudu iliyotisha mtaa mzima sasa inashuka taratibu kama unyoya. Sijaona mtu asiyecheka.

Stendi ya kamera kuvunja kioo cha mlango? Mara moja inatosha, na kioo ni ghali.

Kosa ninalolipenda zaidi ni filamu iliyopigwa mara mbili. Mgeni anasahau kwamba imeshatumika, anairudisha ndani ya kamera, na picha mbili zinalaliana. Buster Keaton, mchekeshaji wa sinema bubu, katika The Cameraman ya 1928, alipitisha meli ya kivita katikati ya barabara ya New York. Wewe usimwige, una Ziwa Kivu. Piga mashua ya wavuvi, kisha mtaa wenye mawe meusi ya lava. Penye weusi filamu haikupata mwanga, kwa hiyo hapo ndipo mashua itatokea vizuri. Penye ukuta mweupe inamezwa kabisa. Katika programu ya kuhariri, chagua mchanganyiko unaojumlisha mwanga. Ukififisha tu picha ya juu, zote mbili zinapauka.

Wakati wa kuonyesha kazi yake kwa bosi, mwigizaji asicheke wala asishike kichwa. Aitazame mashua ikipita kati ya mawe kwa furaha ya kweli, hadi taa iwashwe.