Jinsi ya kujua jina limetoka wapi bila kutegemea listi za mtandaoni

Watu wengi wakitaka kujua maana ya jina wanagugo tu, wanakuta listi ndefu ya majina ya watoto, wanachukua ya kwanza, imeisha hiyo. Mi siipendi kabisa hii njia maana jina la mtu lina neno na lina sababu ya kupewa, na sababu ndo yenye utamu wote, sasa listi haiwezi kukupa sababu hata siku moja.

Anza na lugha. Usiangalie linavyoandikwa, uliza ni jina la watu gani. Asha wa pwani ni Aisha wa Kiarabu, mwenye uhai, lakini Asha wa familia ya Kihindi pale Mombasa au Dar ni wa Kisanskriti, lugha ya kale ya India, na maana yake tumaini. Halafu kuna kinyume chake, yaani Yohana, John, Jean wa kule Kongo, Juan na Ivan, ukiyasikia unaona hayahusiani kabisa kumbe yote ni jina moja la Kiebrania limezunguka dunia likibadilika kila lilipofika.

Ukishajua lugha angalia kama ni jina la siku. Juma na Mwanajuma ni Ijumaa, Hamisi na Mwanahamisi ni Alhamisi. Waakan wa Ghana nao wana mpango huo huo tena kwa siku zote saba, Kofi ni wa Ijumaa na Kwame wa Jumamosi. Hapa fungua kalenda ya simu uhakikishe. Kofi Annan, yule Mghana aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, kazaliwa tarehe 8 Aprili 1938, ukirudi nyuma kwenye kalenda unaikuta Ijumaa kweli, na jina lake la kati Atta maana yake pacha, na dada yake waliyezaliwa pamoja aliitwa Efua ambalo ni la Ijumaa pia ila la kike. Jina moja linakupa habari yote hiyo!

Sasa unaweza kukuta Juma ambaye cheti kinasema Alhamisi. Usikimbilie kusema wamekosea, uliza kazaliwa saa ngapi, kwa sababu kwa hesabu ya Waislamu siku inaanza jua likizama, kwa hiyo mtoto wa Alhamisi saa mbili usiku huyo ni wa usiku wa Ijumaa, ni Juma halali kabisa. Au karithi tu jina la babu yake, hapo kalenda haikusaidii, mtafute babu ndo umkague. Ramadhani, Shabani na Rajabu ni miezi, hao watafutie kalenda ya Kiislamu.

Mapacha ndo raha kuwasoma. Wasukuma na Wanyamwezi wana Kurwa na Doto, na anayefuata baada yao anaitwa Shija. Waluo wana Opiyo na Odongo, wakike Apiyo na Adongo, afu anakuja Okello au Akello. Waganda wana Wasswa na Kato, wasichana ni Babirye na Nakato, na Kizza anawafuata. Burundi ni Bukuru na Butoyi. Kwa hiyo ukikutana na Shija au Okello muulize mapacha wako wapi, utaona anavyoshangaa umejuaje. Ila angalizo, usidhani kila mahali anayetoka kwanza ndo mkubwa. Wayoruba wa Nigeria wana Taiwo na Kehinde, Taiwo anatoka kwanza lakini wanamuona ndo mdogo, wanasema Kehinde kamtuma atangulie akaionje dunia kisha yeye mkubwa akafuata nyuma.

Yaliyobaki ni majina ya matukio, Tabu, Mashaka, Masika, Chausiku, Sikujua, Sikudhani, na haya hayana njia ya mkato, lazima umpate mtu aliyekuwepo. Usimuulize jina maana yake nini maana atakujibu tabu ni tabu. Sema hivi, "Shikamoo bibi, hivi siku nilipozaliwa pale nyumbani kulikuwa na nini?" kisha nyamaza. Hapo ndo utasikia mimba ilikuwa ya shida, au mvua ilikata njia, au kuna jirani alikuwa anasema mama yako hatozaa tena na jina likawa ndo jibu lake. Kama jibu linamgusa mtu ambaye bado yupo hai usimuulize mbele za watu, muulize mkiwa wawili tu.

Bibi akiwa mbali mwombe voisi noti ya WhatsApp, akikubali itunze, af andika pembeni nani alitoa jina, lini na kwa nini. Na fanya mapema, wazee wanaojua haya wanaondoka.