Baba, kabla hujampandisha mtoto gari la Likasi au Kolwezi

Kila mwezi wa saba, shule zikifungwa, wanajaa kwenye kituo cha magari ya Likasi na Kolwezi, miji ya migodi, hapa Lubumbashi: baba ameshika begi mkono mmoja, mkono wa pili ameshika mtoto wa kiume aliyenyolewa jana. Wengine wanakwenda kumsalimu babu. Wengine wanataka kuonyesha nyumba ya kambi ya kampuni ya migodi walimozaliwa. Na wapo wanaofanya kazi Kolwezi, wamekuja kumchukua mtoto akae nao likizo. Safari hizo ni nzuri, sina neno nazo. Ila mimi ninaendesha gari njia hiyo, na nimechoka kuona wanaume wazima wakihangaika barabarani kwa mambo ambayo yangemalizwa nyumbani juma moja kabla.

Tuanze na madogo. Likasi ni kilomita 120 hivi, Kolwezi ni kama 300, na njia kuu ni lami. Ondoka alfajiri. Malori ya shaba, ya chokaa na ya asidi yako kwenye njia hiyo hiyo, na kadiri jua linavyopanda ndivyo yanavyokuwa mengi.

Mwezi wa sita na wa saba ni baridi. Sisi tuko juu, mita kama 1,200, na saa kumi na mbili asubuhi mtoto mwenye fulana anatetemeka mpaka meno yanagongana. Mvalishe koti, usiliweke kwenye begi lililofungwa nyuma ya gari.

Pesa: beba falanga ndogondogo za njiani. Dola iliyochanika hata kidogo pembeni hakuna atakayeipokea, usianze kubishana na mama wa maandazi mbele ya mwanao.

Mfuko wa plastiki, kwa ajili ya kutapika. Wote mnasema wa kwangu hatapiki.

Chandarua, na dawa anazotumia kama ana ugonjwa unaojulikana. Maji. Chakula kidogo; bukari, yaani ugali, mtakula Likasi.

Sasa karatasi. Hapa tulia unisikilize.

Kwetu Kongo jina peke yake halithibitishi kwamba huyu ni mtoto wako. Tangu Mobutu alipofuta majina ya kizungu mwaka 1972 na kutaka kila mtu abebe jina la mababu, tumezoea kumpa mtoto jina la yeyote tunayemheshimu: babu wa upande wa mama, shangazi, rafiki aliyetusaidia siku za njaa. Mapacha wa Kiluba ni Kyungu na Kabange, baba yao aitwe vyovyote. Nyumba moja ina watoto wanne na majina manne, na sisi wenyewe tunaona sawa kabisa. Mtu wa barieri, kile kizuizi cha ukaguzi barabarani, yeye anaona mwanaume mwenye jina moja na mtoto mwenye jina jingine, wanaelekea upande wa migodi. Akiuliza, usimkasirikie. Kuna watoto wanaopelekwa kuchimba na kuosha mawe, na sheria inakataza. Anayeuliza anafanya kazi yake.

Kuna mwaka nilimbeba baba mmoja, mchomeleaji wa kule Kolwezi, mtu mpole, hana makelele. Mtoto wake alikuwa na miaka kama tisa, amelelewa na bibi yake mtaa wa Katuba, hapa mjini, tangu akinyonya. Baba alikuwa akituma pesa na kupiga simu kila Jumapili, na bibi mwenyewe alikiri baadaye kwamba hakukosa. Alifika mjini usiku, akalala kwa rafiki, asubuhi akapita Katuba akamchukua mtoto, saa kumi na mbili wako ndani ya gari langu. Mtoto alikaa dirishani. Baba alijaribu kumwonyesha hiki na kile, mtoto akawa anaitika tu, mm, mm.

Kwenye barieri wakaombwa karatasi. Baba akatoa kadi yake ya uchaguzi. Ya mtoto alikuwa na buletini ya shule tu, na majina ya humo hayakufanana na ya baba hata herufi. Yule wa barieri hakupiga kelele. Aliinama dirishani, akamuuliza mtoto kwa sauti ya kawaida:

"Mtoto, huyu njo nani kwako?"

Mtoto akamgeukia baba. Akamwangalia muda, kama anatafuta kitu usoni mwake. Kisha akasema:

"Njo papa wa mu telefone."

Abiria walicheka, mimi pia nilitaka kucheka. Nikamwona baba kwenye kioo, nikaacha.

Wakashushwa. Bibi akapigiwa, simu imezimwa. Yuko sokoni, simu haina chaji. Rafiki wa baba akapigiwa, akasema ndiyo ni mtoto wake, lakini sauti ya rafiki ni ushahidi gani? Abiria wakaanza kunung'unika, nikawahamishia gari la mwenzangu, nami nikabaki. Tuliketi kivulini mpaka saa tisa alasiri, ndipo jirani mmoja wa Katuba alipompelekea bibi simu yake sokoni. Bibi akaulizwa alama ya mtoto. Akataja kovu la maji ya moto kwenye kiwiko cha kushoto. Mkono wa koti ukapandishwa, kovu likaonekana, tukaruhusiwa.

Lakini kilichobaki kichwani mwangu si saa hizo. Wakati wa kutafuta kadi ya kliniki, begi la mtoto lilifunguliwa. Ndani mlikuwa na madaftari yote ya shule, sahani yake ya bati, sweta mbili na mpira usio na upepo. Baba akashangaa: nani alikuambia ubebe madaftari likizo? Mtoto akajibu kwamba hakujua kama atarudi.

Hakuna aliyemwambia! Bibi alidhani baba amemwambia kwenye simu, baba alidhani bibi amemwambia nyumbani. Mtoto akafunga begi usiku akidhani anahamishwa kwenda kwa mtu ambaye hajawahi kujua hata urefu wake. Toka hapo hadi Kolwezi sikumsikia akisema neno.

Kwa hiyo fanya mambo mawili, na usiniambie huna muda.

La kwanza, cheti cha kuzaliwa chenye majina ya mtoto, ya baba na ya mama. Sheria ya ulinzi wa mtoto ya mwaka 2009 inawapa wazazi siku 90 kuandikisha mtoto. Zikipita, unahitaji hukumu ya mahakama ndipo cheti kitoke, na hukumu haitoki kwa juma moja, basi usianze kuitafuta umeshalipa nafasi ya gari. Chukua kopi yenye muhuri wa komuni, cheti chenyewe kiache nyumbani. Ongeza barua ya mama wa mtoto, au ya anayemlea, iseme mtoto anakwenda wapi, na nani, anarudi lini. Iwe na sahihi, kopi ya kitambulisho chake na namba ya simu. Halafu hakikisha simu hiyo itakuwa imewashwa siku hiyo, imechajiwa, iko mkononi mwa mtu. Picha yenu ya pamoja kwenye simu yako inasaidia pia, kama unayo. Kama huna, jiulize kwa nini.

Hayo ni ya ndani ya nchi. Ukitaka kuvuka Kasumbalesa kwenda Zambia, nenda ukaulize mapema kwa watu wa uhamiaji wenyewe, usimuulize jirani.

La pili, fika kabla ya siku ya safari. Siku tatu, nne. Lala pale anapolala mtoto. Mle bukari na sombe (kisamvu) sahani moja. Mpeleke kwa kinyozi wewe mwenyewe. Umwone anavyocheza, akuone unavyokoroma. Kwenye simu mtoto anapata sauti tu. Hajui unavyotembea, hajui ukinyamaza umekasirika au umechoka. Wanaume wengi wanafikiri hayo yatatokea yenyewe garini. Garini mtoto amebanwa katikati ya wageni, anasikia kichefuchefu, hawezi kukimbilia kwa bibi. Si mahali pa kuanza kujuana. Na mwambie wazi, kwa mdomo wako: tunalala usiku kadhaa, nyumba ina fulani na fulani, utarudi siku fulani, mimi mwenyewe nitakurudisha. Kisha mwambie akurudishie hayo maneno. Akikosea, rudia.

Wale mnaowapeleka watoto kwenye kambi za zamani, mna kazi yenu nyingine. Mtoto anayesafiri kwenda kuona babu alipofanya kazi anategemea kuona kitu. Mgodi una ukuta na walinzi, nyumba za kambi zina watu wengine, na shule ya kampuni si ile tena. Mwandalie hadithi kabla ya mahali. Mweleze kwamba Union Minière, kampuni ya Wabelgiji ya migodi iliyoundwa mwaka 1906, ilianza miaka ya 1920 kuwaacha wafanyakazi waishi kambini na wake zao na watoto, kwamba kulikuwa na poso ya unga, hospitali, shule, na kwamba mtoto wa mfanyakazi alikua akitegemea kushika kazi ya baba yake. Ndiyo maana watu waliiita kampuni baba na mama, na jina hilo likaifuata hata ilipokuwa Gécamines, kampuni ya serikali.

Basi mtoto atauliza: kwa nini babu aliacha?

Uwe na jibu. Mwaka 2003 wafanyakazi wa Gécamines zaidi ya elfu kumi waliondoka kwa mpango uliolipiwa na fedha za Benki ya Dunia, ukaitwa wa kuondoka kwa hiari. Wazee wengine ukiwatajia neno hiari wanacheka kicheko kibaya, kwa sababu walikuwa wameshakaa miezi na miezi bila mshahara. Lakini usimwachie mtoto amuulize mzee ghafla, mbele ya watu, baada ya chakula. Mpigie mzee simu kabla, muulize kama anapenda kuyasema mbele ya mjukuu. Wapo watakaoongea mpaka usiku wa manane na kuleta kofia ya kazi waliyoificha chini ya kitanda. Wapo ambao hawataki mjukuu awaone kama watu waliofukuzwa, na hiyo ni haki yao. Ongeeni mambo ya mpira, TP Mazembe inatosha siku nzima.

Kama babu alikuwa Kipushi, hamna haja ya kulala njiani, ni kilomita 30 tu kutoka mjini. Mgodi wa pale ulisimama mwaka 1993 na ukaanza kutoa tena mwaka 2024, kwa hiyo mtoto ataona malori na shughuli, si kutu peke yake.

Usipige picha za migodi, madaraja, peaji (vituo vya kulipia barabara) wala wanajeshi, na mkanye kijana wako mwenye simu, maana wa miaka kumi na tano ndio wanaoniletea shida. Wakishasikia kwamba urani nyingi ya bomu la Hiroshima ilitoka mgodi wa Shinkolobwe, karibu na Likasi, wanataka kwenda kusimama pale. Ni eneo lililokatazwa. Wala usimpeleke kuwaangalia wachimbaji kwenye mashimo kwa sababu tu unamjua mmoja wao, mashimo yanaporomoka.

Usisafiri usiku, kuna malori yanayoharibika na kuachwa barabarani bila taa. Usibishane na polisi wa rulaji, wale wa barabarani, kumwonyesha mtoto kwamba wewe ni mwanaume. Bia, subiri mfike. Ukikaa nyuma na mtoto, akae upande usiofunguka kwenye barabara. Na kabla sijawasha gari mpeleke chooni, hata akisema hana haja, kwa sababu nikishatoka mjini sisimami mpaka nione mahali salama, na hapo patakuwa mbali.