Namna ya kuachana na listi ya kazi na kuanza kupumzika kweli

Jamani ndugu zangu wa Mbeya, Iringa na Njombe, hizi listi za vya kufanya kesho zinatumaliza. Mtu anaandika vitu 15, jioni amefuta vitano, analala anawaza vile kumi, asubuhi anaamka kachoka hata uso hajanawa. Bluma Zeigarnik, mwanasaikolojia, alichapisha majaribio yake mwaka 1927 huko Ujerumani, watu aliowakatisha kazi katikati walizikumbuka hizo kuliko walizomaliza. Sasa wewe unalala na viporo kumi, kichwa kitapoa saa ngapi?

Anza hivi. Vitu vyenye tarehe na vinavyomhusu mtu mwingine, rejesho la VICOBA, ada, kliniki ya mtoto, tia kwenye kalenda ya simu weka na alamu, basi. Vilivyobaki chagua kimoja cha leo. Kimoja tu! Vingine usiviandike popote, cha maana kitajileta chenyewe, unga ukiisha utajua tu, na kisichojileta hakikuwa na haja.

Halafu mapumziko yapewe saa yake mapema kabla kazi hazijagawana siku, maana ukisema ntapumzika nikimaliza hutamaliza. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inampa mwajiriwa saa 24 mfululizo za kupumzika kila wiki, na akipiga kazi zaidi ya saa tano mfululizo anatakiwa apate saa nzima ya kupumua. Wewe mwenye fremu yako ya biashara sokoni Mwanjelwa, Mbeya, nani atakupa kama hujajipa?

Na kushika simu sio kupumzika. Huku kwetu Juni na Julai baridi inapotukaba tuna kitu kizuri mno, kuota jua. Ukungu ukishaondoka toa kigoda, kaa ukutani upande jua linakopiga, kitenge mabegani, chai ya maziwa yenye tangawizi mkononi, simu iache ndani. Mwanzoni mkono utakuwa unapapasa mfukoni, utaona majani ya kung'oa, utaona ndoo haijaoshwa, wewe kaa tu. Taratibu mgongo unapata joto, mabega yanashuka, unasikia hadi kuku wanavyochakura nyuma ya nyumba, hapo ndo umeanza.

Kina mama ndo mtihani mkubwa, ukikaa tu unaitwa. Ongea na baba watoto mapema, Jumapili saa nane mpaka saa kumi watoto wako kwake, maswali yote ya soksi iko wapi aulizwe yeye, na jioni mnakula viazi vya kuchemsha na chumvi, hakuna atakayekufa. Jirani akikukuta umekaa akasema "kumbe leo huna kazi", mjibu ndiyo sina, vuta kigoda na wewe.